Nafasi Moja ya Mtaalamu wa Tiba Asili

Mwanamisi wa Malindi, ile ya milima ya Lushoto na si ya pwani, alikuwa ametibu watu kwa miti shamba miaka ishirini na saba. Usajili wake wa uganga ulikuwa halali, tena cheti chake amekitia fremu. Aliposikia kwamba hospitali moja ya serikali inatafuta mtaalamu mmoja wa tiba asili, alijifunga khanga mpya, akatia karatasi zake kwenye bahasha ya kaki na kupanda pikipiki hadi Lushoto mjini.

Ofisa utumishi, Valentino, alimwamkia shikamoo, akampa kiti, halafu akamsomea masharti. Mwombaji awe amesajiliwa, hilo analo. Awe amefaulu baiolojia na kemia kidato cha nne. Hilo hana, maana aliishia darasa la saba. Awe amesoma miaka miwili katika chuo kinachotambulika. Hilo ndilo hana kabisa. Valentino aliyasema hayo kwa upole wa mtu anayetoa rambirambi.

Mwanamisi hakubishana. Moyoni alikiri kwamba masharti si ya kipuuzi. Alimjua Tobia wa Lukozi, aliyewauzia watu majivu kwenye chupa za soda akiyaita dawa ya kisukari, na mtu wa namna hiyo kuzuiwa mlangoni ni heri. Kilichomchefua ni mlango usioweza kumtofautisha yeye na Tobia.

Kazi akapewa Emanueli, kijana mwenye vyeti vyote. Baada ya miezi mitatu hospitali ikazindua bustani ya dawa, na waganga wa milimani wakaalikwa kupiga makofi. Mwanamisi alikwenda kwa udadisi tu. Alikuta matuta yaliyonyooka, mawe yaliyopakwa chokaa, na kila mmea una kibao chake. Emanueli alikuwa katika koti jeupe akiwaeleza wageni.

Kwenye tuta la nne Mwanamisi alisimama. Kibao kilisema mnavu, mboga ambayo kila mtoto wa huku ameila. Lakini katikati ya mnavu wa kweli ilikuwa imesimama miche ya mranaha, mmea unaomvuruga mtu akili mpaka akazungumza na ukuta, na ukizidi humuua. Aliinama akaing'oa mmoja mmoja, wageni wakimtazama.

Valentino alimsogelea, akamuuliza kwa sauti ya chini ni nani aliyempa ruhusa ya kugusa mimea ya serikali.

"Sina ruhusa," Mwanamisi alisema, naye hakupunguza sauti. "Mwenye ruhusa ni yule wa koti jeupe. Amekuwa akiumwagilia mranaha maji."

Wageni waliangalia viatu vyao. Emanueli alichukua jani moja, akalifikicha, akalinusa. Kisha alivua koti, akapiga magoti kumalizia kung'oa.

Wiki iliyofuata Valentino alipiga simu kwa furaha. Ufumbuzi umepatikana, alisema: kuna nafasi ya kibarua wa bustani, na hiyo inataka darasa la saba tu. Atakuwa chini ya Emanueli. Mwanamisi alicheka mpaka mgonjwa aliyekuwa kibarazani akachungulia ndani.

"Mwanangu," alisema, "mnataka mikono yangu iingie, kichwa kibaki getini." Akakata simu.

Jumamosi Emanueli alifika Malindi mwenyewe. Aliamkia, akasema hakutumwa na mtu, na akaomba afundishwe, kwani chuoni mimea mingi waliiona kwenye picha. Mwanamisi alimtazama kwa dharau ambayo hakujisumbua kuificha. Alimfunga kitambaa machoni, akampa majani saba anuse moja moja. Alipatia moja tu, mchaichai, ambao hata mama ntilie anaujua.

"Njoo Jumamosi ijayo," Mwanamisi alimwambia. "Na wakikuuliza ulikuwa wapi, sema kweli. Sitaki mwanafunzi wa kujificha."

Jumatatu Emanueli aliulizwa kazini, akasema kweli. Alhamisi akakabidhiwa barua ya onyo, kwa kosa la kupokea mafunzo kutoka kwa mtu asiye na sifa.

Jumamosi alikuja tena. Alimsomea Mwanamisi barua yote, mpaka muhuri, naye akasikiliza huku akitwanga mizizi bila kuinua uso. Emanueli alipomaliza kusoma, alifungwa kitambaa. Siku hiyo alipatia majani matatu.