Kikoi cha Shaba

Murad aliitambua kazi yake kabla hajavua viatu. Ilisimama mwisho wa sebule ya wageni, katika jumba la binamu yake Ghalib huko Malqa, Riyadh, juu ya kitako cha marumaru, taa nne zikiimulika kutoka darini: kijana wa shaba, kofia ya mchungaji kichwani, upanga mkononi, mguu wa kushoto umekanyaga kichwa kilichokatwa cha jitu. Aliimimina mwenyewe miaka miwili nyuma, katika karakana yake ya Mahjar kule Jedda, kwa oda ya dalali mmoja aliyesema inakwenda kupamba bustani ya hoteli. Sasa Ghalib, aliyemwita aje kurekebisha sanamu iliyoharibika, alikuwa ameishika bega, anamwambia kwamba imetoka Florensi, ina miaka mia tano na ushei, na duniani haiko ya pili.

“Ya pili hakuna,” Murad alisema. Hilo angalau halikuwa uongo.

Tangu goti la kijana hadi kifundo, na shavu zima la jitu, shaba ilikuwa imewaka njano, inang'aa kama bomba jipya la bafuni. Kwingine kote sanamu ilikuwa nyeusi yenye kijani, kama alivyoiacha.

“Kasugua!” Ghalib alisema. “Kwa waya wa sufuria na ndimu, Murad! Kitu cha miaka mia tano!”

Aliyesugua aliitwa Rispah, Mkisii wa Nyamira, mwaka wa nne katika nyumba hiyo. Kwao mwanamke hupimwa kwa matako ya sufuria zake. Zikianikwa uani, jirani akipita aweze kujiona uso. Madam, mke wa Ghalib, alimwambia apanguse kila kitu, wageni wanakuja, naye akamtazama yule kijana mweusi, akawasikitikia watu wenye nyumba kubwa hivi wanaoacha masizi yakila shaba nzuri. Nani alimwambia kwamba masizi yale yamepakwa kwa makusudi? Murad ndiye aliyeyapaka, siku mbili nzima, tindikali kwa brashi na moto wa gesi, tabaka juu ya tabaka. Mafundi huyaita ngozi. Bila ngozi shaba ni changa, na Ghalib hakuwa mtu wa kuwaonyesha wageni kitu kichanga.

Ghalib alimwita Rispah aje asimame pale, kisha akazungumza juu yake mbele yake, kana kwamba anazungumzia kabati.

“Niandikie barua. Wewe fundi, neno lako linasikika. Sema sanamu ni ya kale, na imeharibika vibaya. Yule mtu wa ofisi iliyomleta huyu anapiga simu kila siku, anauliza kwa nini sijampa ruhusa ya kutoka. Nimwonyeshe barua anyamaze. Huyu ataitumikia hasara yake miaka miwili, halafu aende zake.”

“Bosi, contract iliisha mwezi jana,” Rispah alisema. Mikono aliificha nyuma. “Na mzee wangu amekufa. Please.”

“Nimeshakusikia. Halas.”

Mzee wake, Nahashon, alikuwa mochari mjini Kisii wiki ya pili. Rispah ndiye kifungua mimba, na wadogo zake walikuwa wamegoma kumzika mpaka aje atupe udongo wa kwanza. Wazee wa ukoo walikuwa wamechoka kungoja. Walisema Ijumaa ndiyo mwisho, maana Sabato haichimbwi kaburi. Siku hiyo ilikuwa Jumatatu. Pasipoti ya Rispah ilikuwa ndani ya droo ya Ghalib, ghorofani, imefungiwa pamoja na saa zake.

Murad aliyapata haya yote jikoni, kwa Rispah mwenyewe. Kinyaa alikimeza, na si mara ya kwanza kumeza kitu kwa ajili ya Ghalib. Mama zao walikuwa ndugu wa tumbo moja, waliletwa Jedda wakiwa watoto, mwaka ule wa sitini na nne, na babu yao aliyetoka Unguja na sanduku moja. Baba wa Ghalib alipata uraia. Baba wa Murad hakupata. Ndiyo maana Murad, aliyezaliwa Mahjar miaka arobaini na sita iliyopita, alikuwa akiishi kwa ikama, kibali cha ukaazi, na kafili wake, yaani mdhamini, ni binamu yake. Ghalib akikataa kuweka sahihi mwaka mmoja tu, Murad angerudishwa kwao, na kwao hapo ni Unguja, ambako alikuwa amekuona kwenye simu tu.

Tena palikuwa na Bi Mwanamize, mama wa Ghalib, mama mkubwa wa Murad. Alipooza upande mwaka juzi, na Kiarabu chote kikamtoka kichwani, kikabaki Kiswahili cha utotoni. Katika nyumba ile ya vyumba kumi na vinne, mtu wa kukaa naye akazungumza alikuwa Rispah peke yake. Madam hakukijua Kiswahili. Ghalib alikijua vizuri, alikitumia akitaka madam asielewe, lakini mlangoni kwa mamake alikuwa anasimama dakika mbili, mkono wenye simu sikioni. Hapo Murad alielewa kwamba shaba ilikuwa kisingizio tu. Mtu mzima ameona ni rahisi kumfunga binti wa watu miaka miwili kuliko kukaa kitako na mamake.

“Ngoja niitazame kwanza,” Murad alimwambia Ghalib. Yalikuwa maneno ya mwoga, na alijijua.

Jumanne alasiri wageni walikuja, wanaume sita wenye kanzu nyeupe na manukato mazito. Murad aliwekwa pembeni, fundi kutoka Jedda. Rispah alipita na dele la kahawa, akimimina kwa mkono wa kushoto kama alivyofundishwa. Goti lililosuguliwa lilikuwa limefichwa kwa chungu cha maua, na Ghalib alisimama mbele yake akisomesha.

Kofia ya mchungaji, alisema, ni unyenyekevu. Majani yaliyoizunguka ni ushindi. Upanga ni mkubwa kuliko kijana kwa sababu si wake, ameunyang'anya kwa adui. Silaha ya mwenye nguvu imemgeukia mwenyewe. Watu wa Florensi walikuwa na mji mdogo uliozungukwa na wakubwa, wakamweka huyu kijana mbele ya macho ya kila mtu ili mkubwa yeyote apitaye ajue mnyonge hadharauliwi. “Hii,” alisema, akaweka mkono kifuani, “ni sanamu ya mnyonge.” Kisha akanyoosha kikombe bila kumtazama Rispah, Rispah akakijaza.

Murad alitamani kutema mate, lakini zulia lilikuwa la hariri.

“Na hili vazi la kiunoni?” mgeni mmoja aliuliza.

“La Kirumi,” Ghalib alijibu. “Mchongaji amelikunja hivi kuonyesha haya ya ujana.”

Haya ilikuwapo, lakini ilikuwa ya Murad. Picha alizoletewa na dalali zilimwonyesha kijana uchi, kofia na viatu basi. Na kijana yule, kwao Waislamu, ni Nabii Daudi. Karakana nzima waliogopa hata kumtaja. Walimwita Bwana Mdogo. Oda ni oda, ila Murad alikuwa na mpaka wake. Alipomaliza kumfinyanga kwa nta juu ya kiini cha udongo, alichukua kipande cha kikoi cha babu yao, kilichokwisha kuchakaa, akakichovya katika nta ya moto, akamfunga nacho Bwana Mdogo kiunoni. Alimfunga kama wanavyofunga wanaume wa kwao, pindo la kulia juu, kisha akalibiringisha mara mbili lishike. Akamfunika kwa udongo, akamtia tanuri. Nta ikayeyuka ikatoka kwa mirija, kitambaa kikaungua kikaisha, na shaba ilipomiminwa ikaingia mahali pa vyote viwili. Siku ya kuuvunja ule udongo alikuta kila uzi umo, matamvua yamo, hata kiraka alichoshona bibi yao kimo. Alijiona fundi hasa, wiki nzima.

Wageni walipoondoka Rispah alikuja kukusanya vikombe. Akasimama mbele ya sanamu.

“Fundi,” alisema, “kabla nije huku nilifanya kazi Mtwapa miaka miwili. Huyu kijana amevaa kikoi.”

“Vazi la Kirumi hilo.”

“Si uniangalie ukiniambia? Wazee wa Mtwapa wanafunga hivi hivi. Mpaka hii nyuzi ya chini iko. Wazungu wa kitambo walitoa wapi kikoi?”

“Mimi fundi wa kutengeneza tu, dada. Sijui historia.”

“Sawa,” Rispah alisema, akabeba sinia. “Lakini kama kuna kitu unajua, ni wiki hii itanisaidia. Ikipita, haina kazi.”

Jumatano Murad alikwenda Dira, kwenye soko la kale, kununua tindikali na brashi. Chupa alizozihitaji alikuwa nazo tayari ndani ya mkoba, alizileta kutoka Jedda. Alizunguka sokoni tangu asubuhi hadi adhuhuri, akishika kufuli, akishika birika, akiuliza asichonunua. Alijiambia anafikiri. Alikuwa hafikiri lolote. Alikuwa akingoja jambo litatuke lenyewe, madam aone huruma, au mtu wa ofisi aje na askari. Njiani akirudi alijikuta anapanga maneno ya barua ile, na yalikuwa yanakuja vizuri, moja baada ya jingine, hata akajichukia. Usiku hakuagiza chakula, na Rispah hakumletea.

Alhamisi, saa nne kasoro, Ghalib alimwekea karatasi na kalamu juu ya meza ya kioo.

“Mtu wa ofisi anakuja adhuhuri. Andika.”

Murad alishika kalamu. Aliandika jina lake, na jina la karakana, na neno Mahjar. Kisha mkono ukakataa. Huenda ni uchovu, huenda ni lile shavu la jitu lililokuwa linamwakia machoni. Aliweka kalamu.

“Ghalib, sanamu hii nimeimimina mimi. Mwaka juzi. Dalali amekudanganya. Haina hata miaka mitatu.”

Alitegemea Ghalib aruke, apige kelele, ampigie dalali simu. Ghalib alikunja mguu juu ya mguu.

“N'najua,” alisema.

“Unajua nini?”

“Nilijua siku ya kwanza ilipofunguliwa kwenye sanduku. Wee Murad, unadhani mimi sikijui kikoi cha babu? Kiraka kiko pale, nyuma, chini ya pindo. Nimelala juu ya kikoi kile nikiwa na homa.” Alitabasamu. “Kazi nzuri. Ndipo nikakuita wewe, wala sikumwita mtu mwengine. Mtu mwengine angeniuliza maswali.”

Binamu yake alikuwa amekaa miaka miwili mbele ya kikoi cha babu yao, akikiita cha Kirumi mbele ya watu, na kilichomfurahisha ni kwamba watu wamesadiki. Na kilichomchafua Murad zaidi ni kwamba Ghalib alikuwa amempima sawasawa. Alimwita kwa sababu alijua hataleta shida.

Alichukua kalamu tena. Aliandika upesi, kwa Kiarabu na chini yake Kiswahili: kwamba sanamu ni kazi ya mkono wake, tarehe kadha, kwamba ni nakala, kwamba kusuguliwa hakukuiharibu na rangi yake hurudishwa kwa siku mbili, kwamba mtumishi hana hatia yoyote. Aliweka sahihi. Kabla Ghalib hajanyoosha mkono alikwisha kuipiga picha kwa simu.

“Mtu wa ofisi nitampa mwenyewe,” alisema. “Na wale sita wa juzi, nina namba ya mmoja. Alitaka nimtengenezee milango.”

Ghalib aliisoma karatasi yote, polepole. Rangi haikumbadilika. Alipanda ghorofani, akashuka na pasipoti, akaitupa juu ya meza.

“Mchukulie. Ruhusa nitaitoa leo kwenye simu. Na wewe, Jumapili ulete ikama yako, sahihi yangu hupati tena.” Alikuwa amekwisha kumpa kisogo. “Mama akiuliza Rispah yuko wapi, utamjibu wewe.”

Murad alikwenda jikoni na pasipoti mkononi. Moyoni kulikuwa na kitu chepesi, karibu na furaha. Leo Alhamisi. Ndege ya usiku ipo. Alfajiri Nairobi, adhuhuri Kisii. Atawahi. Alikuwa tayari anamwona yule mwanamke akiangua kilio cha shukrani, naye akimwambia si kitu, dada, si kitu.

Rispah alikuwa amesimama kando ya jiko. Dele lilikuwa juu ya moto, simu ameiegemeza kwenye kopo la sukari. Murad alimwekea pasipoti mezani, akamweleza yote: sanamu ni yake, kikoi ni cha babu yake, barua ameandika, ruhusa inatoka leo.

“Ulijua Jumatatu?” Rispah aliuliza.

“Nilijua.”

“Jumanne nikikuuliza, ulijua.”

“Nilijua, dada. Nilikuwa naogopa. Lakini mpaka wenu si kesho? Ukiondoka leo usiku—”

“Wamemzika sasa hivi.” Alizima jiko. “Wazee walikataa kungoja, wakasema huyo wa Saudia haji. Mdogo wangu amenishikia simu nikaona. Udongo wa kwanza umetupwa na mtoto wa ami, na mimi hapa nikiwachemshia kahawa.”

Kwenye simu palikuwa na watu wenye miavuli, na sepetu zikifanya kazi. Sauti ilikuwa imezimwa.

Rispah alimtazama kama mtu aliyekuta nywele ndani ya chakula, bila hasira. Akaichukua pasipoti kwa ncha za vidole, akaipangusa kwa aproni mbele na nyuma, mahali alipokuwa ameishika Murad.

“Nipishe, fundi,” alisema. “Nina nguo za kupanga.”

Murad akasogea, akampisha.