Kaburi la Sinema

Wacera alivuta karatasi ya kura ya ploti kutoka kwenye kofia ya Mzee Gathogo, ikatoka namba kumi na saba, na wanachama wote wa kampuni ya kununua shamba wakaanza kunong'onezana. Ndiyo ploti yenye kaburi la Mzungu. Nani atajenga jirani na maiti ambaye ukoo wake haujulikani? Gathogo, mwenyekiti wao, akamshauri abadilishe achukue ile ya mawe kule juu.

Wacera alikuwa amechoka. Miaka ishirini amehamishwa kutoka shamba la mkoloni huyu hadi la yule, na leo ardhi yake mwenyewe, yenye mto pale chini, ilikuwa ikimponyoka kwa sababu ya kaburi alilojua fika kwamba halina mtu.

Miaka minne nyuma, mkoloni mwenye shamba hili, ambaye Wacera alikuwa kibarua wake, aliwakaribisha wapiga sinema kutoka Ujerumani. Wacera alimfulia nguo mwigizaji wao, Annegret, mama wa miaka hamsini hivi. Mafundi walichimba kaburi, wakasimika msalaba, naye Annegret akamlilia mtoto wa uongo mara tisa ndipo mwongozaji akaridhika. Jioni alimwambia Wacera, kwa Kiswahili chake cha kuokota, kwamba zamani picha zake zilijaa kuta za Berlin; siku hizi anaitwa aje alie tu. Akirudi kwao ataingia televisheni, aigize mama mkwe wa mtu. Siku ya mwisho aliazima jembe la Wacera, akaenda kaburini peke yake.

Wacera aliwaeleza wanachama haya yote. Hawakuamini, basi akachimba mbele yao. Jembe likagonga kopo la biskuti. Ndani mlikuwa na picha za msichana mrembo mno, zote zimetiwa sahihi. Watu wakarudi nyuma. Kuzika sura ya mtu ni kazi ya wachawi.

"Mama, sasa hii imekuwa mbaya zaidi," Gathogo alisema. "Chukua ile ya juu."

Wacera aliyatambua yale macho ya pichani: yalikuwa ya Annegret. Hasira ilimpanda, kisha ikamchosha.

"Mzee, mimi nilizika watoto wawili kule Timboroa, kwa shamba ya mtu. Siku ya kufukuzwa sikuruhusiwa hata kuwaaga. Huyu alizika ujana wake tu. Acha akae. Mimi sitoki."

Akalirudisha kopo, akafukia. Kisha akapiga hatua kumi kutoka pale, akaanza kuchimba shimo la nguzo ya kwanza ya nyumba yake.