Dirisha la Chumba cha Pasi

Dada yangu alikuwa dobi wa makoti meupe ya hospitali, na adui yake alikuwa kiwanda cha saruji ng'ambo ya barabara. Vumbi lake lilitua juu ya ndoo, juu ya majani, mpaka kwenye kope za watu. Koti likianikwa asubuhi, saa sita lina rangi ya jivu. Dada alikuwa akilifua tena huku akitania kwamba kiwanda kimemwajiri bila kumwambia.

Kifua kilipoanza kumbana nilimpeleka hospitali. Daktari alimsikiliza mgongo kwa muda mrefu kuliko nilivyopenda, akasema siku hizi wanapokea wengi wa mtaa wetu, hata watoto wachanga. Akamwambia ajiepushe na moshi na vumbi, la sivyo mapafu hayatafika mbali. Hakuuliza anafanya kazi gani, nasi hatukusema. Tulipofika nyumbani, sote wawili tuliangalia bomba la kiwanda.

Jumamosi nikaziba chumba chake cha pasi. Matundu ya hewa niliyajaza matambara, dirisha nikalibandika selotepu pande zote nne, na yeye akalaza gunia chini ya mlango. Makoti yakabaki meupe.

"Mdogo wangu," akaniambia, "ungezaliwa mapema kidogo, sasa hivi ningekuwa na ghorofa."

Pasi yake ilikuwa ya mkaa. Kila asubuhi aliuwasha uani, akasubiri ukolee na moshi uishe kabisa, ndipo akajaza pasi na kuingiza jiko ndani kwa ajili ya kuongezea. Ndivyo mama alivyotufundisha, kwamba mkaa uliokolea hauna moshi. Na kweli, mle ndani hukuona hata ukungu.

Kichwa kikaanza kumuuma kila adhuhuri. Jumapili, siku asiyopiga pasi, alikuwa mzima, anapika na kunicheka ninavyokula. Jumatatu kinarudi. Tukasema vumbi limepata upenyo. Jumatano nikaongeza selotepu.

Alhamisi, saa nane mchana, nilimpelekea chai. Alikuwa ameketi sakafuni, kichwa kimelala juu ya rundo la makoti kama mtu aliyejipumzisha kidogo. Pasi ilikuwa mezani, bado ya moto. Nilimwita, nikamtikisa, nikamburuta mpaka uani. Hakuvuta pumzi.

Safari hii daktari yule yule aliniuliza kazi yake. Nikamweleza pasi, jiko, mkaa.

"Dirisha lilikuwa wazi?"

"Nililiziba mimi," nikasema. "Kwa sababu ya moshi."

Aliweka kalamu chini. Akanieleza taratibu kwamba mkaa ukiwa umekolea hutoa hewa ya sumu isiyoonekana wala kunuka, na chumba kikizibwa haina pa kutokea.

Nilimuuliza kama ningelifungua ile Jumatano angepona. Akaniangalia, kisha akasema niende nyumbani, nijaribu kulala.