Vichwa Viwili vya Mwaloni

Mzee Pol hakuweza tena kuona uso wa mtu, lakini kiti chake alikijua. Kila asubuhi Hadassa alimshika kiwiko akamvusha sebule, na walipokaribia dirisha mzee alinyoosha mikono akapapasa hewani mpaka vidole vyake viguse mbao. Hapo alitabasamu. Miguu ya mbele ya kiti kile ilipenya mbao za kuegemezea mikono ikatokeza juu, kichwa kimoja huku, kimoja kule, vichwa vya mraba vilivyotuna kidogo kama vifundo vya ngumi. Akishavipata vyote viwili, mzee aligeuka, akajiachia, akaketi bila hofu. Mahali pengine popote, hata kitandani, aliuliza kwanza: "Niko wapi?"

Zamani alikuwa mwalimu wa uchoraji Likasi, Kongo, na Kiswahili cha kule hakikumtoka hata baada ya mengine mengi kumtoka. Ndicho kilichompa Hadassa kazi katika nyumba ile ya Woluwe-Saint-Lambert, mjini Brussels. Binti wa Lubumbashi, mpole kupita kiasi, aliyeacha shule darasa la nne. Sauti yake ilikuwa ndogo hata watu wa benki walimwinamia wamsikie. Mzee hakuhitaji kuinama. Alipenda kusema mwenyewe.

"Hii kiti ilitoka Amerika," alimwambia, siku zote kana kwamba ndiyo mara ya kwanza. "Mimi na muke wangu tuliipata soko ya Jeu de Balle, chini ya magodoro. Iko na zaidi ya miaka mia."

"Ndiyo, papa."

"Bale bafundi ba kule walichoka na uongo. Viti vya wakati ule vilijaa maua na makucha ya simba, mashine inachonga, muntu anabandika na gundi. Bao wakakataa. Wakasema, muti uonekane ni muti. Mguu ukishika mukono, kila muntu aone pale unashikia." Alibonyeza kidole gumba juu ya kichwa cha mbao. "Ule mutindo uliitwa Sanaa na Ufundi. Na hii rangi, unafikiri ni rangi? Ni mvuke wa amonia. Wanafungia kiti ndani ya chumba na amonia, mwaloni unakuwa mweusi wenyewe. Banasema waliona kwanza kwa farasi. Mbao za zizi zilikuwa nyeusi sababu ya mikojo!"

Hadassa alicheka kila mara, na kila mara mzee alifurahi kwamba bado anaweza kumchekesha mtu.

Basi mwanzoni mwa juma, Inge, binti wa mzee, alikuja na habari. Chumba kimepatikana katika nyumba ya wazee. Jumamosi mzee anahamia.

"Chumba ni kidogo, papa," alisema. "Wanaruhusu fenicha moja tu ya kutoka nyumbani."

"Kiti changu."

Inge alikitikisa. Mkono wa kushoto ukacheza. "Hiki? Siku ukianguka nacho watanilaumu mimi. Bon. Kama hakitengenezeki kabla ya Jumamosi, kinabaki."

Mzee alivishika vichwa vyote viwili kama mtoto anayenyang'anywa kitu. Hadassa, ambaye hajapata kuingilia mazungumzo ya nyumba ile, alijisikia akisema, "Tonton yangu ni seremala."

Inge alipotoka kupiga simu, mzee alimvuta Hadassa karibu. "Akaze mukono tu. Asiguse kitu ingine. Kule sitajua mulango, sitajua dirisha. Kiti ndiyo nitajua. Unaniahidi?"

"Ninaahidi, papa."

Tonton Kazadi, kaka mdogo wa mama yake, alikuwa na karakana ndani ya ghala moja la Anderlecht. Ndiye aliyemleta Hadassa Ulaya, na hadi sasa Hadassa alilala kwake, alikula kwake. Alitengeneza vitanda na makochi ya maharusi, na hakuna harusi ya Wakatanga mjini ambayo hakuuliziwa. Alipokuja na gari kuchukua kiti, alikuwa na simu sikioni, akigombana na mama wa bibi harusi juu ya kitanda.

"Tonton, mukono tu," Hadassa alisema. "Mukono wa kushoto. Tafazali, usiguse—"

Kazadi alimwinulia kidole gumba, akaendelea, "Maman, ile kitanda haiwezi kupita mulangoni, utanifanya nivunje ukuta?" Akafunga mlango wa gari.

Kidole kile Hadassa alikichukua kuwa jibu. Alikishikilia siku nzima, na siku iliyofuata, kwa kuwa usiku Kazadi alirudi yeye akiwa amelala, mpaka Alhamisi moyo ulipokataa kutulia, akapanda metro kwenda Anderlecht.

Aliusikia msasa kabla hajafika mlangoni.

Kiti kilikuwa juu ya meza, na hakikuwa na ule weusi wa miaka mia. Kilikuwa cheupe kama muhogo uliomenywa. Mkono wa kushoto haukucheza tena, ulikaa imara, na juu yake palikuwa laini, pamelala sawa kuanzia mwanzo hadi mwisho. Kichwa hakipo. Mkono wa kulia, kichwa chake kilikuwa bado kimesimama.

"Ah, Hadassa! Fika, fika, uone kazi." Kazadi alikuwa na vumbi mpaka kwenye nyusi. Pembeni yake alikaa rafiki yake Éliézer, aliyekuja kila siku kusaidia na kila siku akaishia kukaa. "Mwenye kufanya hii kiti alikuwa mulevi. Angalia! Vichwa vya miguu aliviacha inje. Alisahau kukata!"

"Labda saa ya bia ilifika," alisema Éliézer.

"Miaka mia muntu anakalia kiti haijaisha! Na Wazungu hawaoni." Wakacheka wote wawili mpaka Éliézer akajipiga paja.

Hadassa hakucheka. Alikuwa akitazama kichwa kimoja kilichobaki. Tonton hakuwa na ubaya, hilo alilijua. Kwao fundi akikurudishia kitu kikifanana na ulivyompa, unamuuliza alikuwa amelala au vipi. Kitu kikitoka kwa fundi lazima king'ae, majirani waje kuuliza umenunua wapi. Na kazi hii Kazadi hakuifanya ya kulipwa.

"Yule muzee anakuchunga kama mutoto wake," alisema, akichukua msumeno. "Sitaki kitu kutoka kwake. Nitamupa kiti ya mufalme. Vernis ya kung'arisha mara tatu, aingie kule na heshima."

"Tonton," alisema Hadassa.

Waligeuka wote wawili. Wanaume wawili, mmoja amemlea, mwingine anangoja kuona msichana huyu ataweza kumfundisha nini seremala mbele ya rafiki yake. Maneno yalikuwa tayari. Yalikuwa machache. Yakakwama, kama kitanda kisichopita mlangoni.

"Kile kichwa..." alisema.

"Ndiyo nakikata sasa, usihangaike."

Msumeno ulianza. Mwaloni ni mti mgumu, ulimpa nafasi ya kutosha kusema. Aliona unga wa mbao ukimwagika. Aliona jino la msumeno likizama. Kisha kipande kikaanguka, kikabingirika, kikasimama mbele ya kiatu chake. Upande wa juu, ambao msasa ulikuwa haujaufikia, ulikuwa bado mweusi, umeng'aa kwa kidole cha mzee.

Akakiokota. Cha kwanza, Éliézer alimwambia, kilikuwa kimeshaingia kwenye jiko.

Jumamosi Kazadi alivaa suti na tai kukipeleka kiti. Chumba cha mzee kilikuwa na kitanda, kabati na dirisha lililotazama maegesho. Kiti kiling'aa katikati yake kama gari jipya.

"Mais c'est magnifique!" alisema Inge, kwamba ni kizuri ajabu, na hakuwa akijipendekeza.

Hadassa alimshika mzee kiwiko, akamvusha chumba. Mzee alinyoosha mikono. Vidole viligusa mbao, akatabasamu. Vikasogea mbele kutafuta, vikateleza, vikaanguka hewani. Akarudia. Safari hii tabasamu halikuja.

"Niko wapi?"

"Mbele ya kiti chako, papa," alisema Inge.

"Hapana. Hiki si changu."

"Muzee, ni yako," alisema Kazadi, akisogea karibu. "Mimi ndiyo fundi. Nilipiga vernis mara tatu."

Mzee Pol aligeuza uso upande wa sauti. Alikuwa mtu wa adabu, na adabu hiyo haikuwa imemtoka. "Aksanti, fundi. Ni kiti muzuri. Ni cha nani?"

Kazadi alitazama mikono yake mwenyewe, kisha akamtazama mpwa wake, na walipofika kwenye korido akamuuliza kwa sauti ya chini, "Kwa nini haukuniambia?"

"Nilikuambia, tonton."

"Saa gani?"

Ndipo Hadassa akamweleza habari ya vile vichwa viwili.

Kazadi hakuwa mtu wa kuacha jambo. Baada ya siku chache alirudi bila tai, akiwa na vipande viwili vya mwaloni alivyovichonga mraba na kuvitia weusi, akavigandisha pale pale vilipokuwa vya zamani. Walingoja gundi ikauke, wakamleta mzee. Alipapasa. Vidole vikasimama. Mzee alipitisha ukucha chini ya kipande, polepole, akizunguka, mpaka akaupata mstari mwembamba wa gundi.

"Hii ni uongo, fundi," alisema kwa huzuni, kama mwalimu aliyeona mwanafunzi mzuri amekosea. "Imebandikwa."

Kazadi alitoka bila kuaga.

Mzee aliketi ukingoni mwa kitanda, mikono magotini, akiuliza yuko wapi, akijibiwa, akiuliza tena. Hadassa alipiga magoti mbele yake. Tangu Alhamisi ile kile kipande kilikuwa mfukoni mwa koti lake, na hakujua anakitunza kwa ajili gani. Akakitoa, akakiweka katika kiganja cha mzee, upande mweusi juu.

Kidole gumba kikakipanda chenyewe. Mabega ya mzee yakashuka.

"Ah," alisema. "Hii ndiyo yangu." Akakisugua, akakigeuza, akakirudisha. "Kumbe banaleta kidogo kidogo. Ni vizuri. Mwambie tonton yako asikimbizane na kazi. Vipande ingine nitangojea."

Inge aliingia akitoka kwa wauguzi, akavua koti. Hakuona pa kulitundika, akalitupa juu ya kiti.

"Utamwambia?" aliuliza mzee.

"Ndiyo, papa," alisema Hadassa.