Kituo cha Kundi la Tatu

"Jaza," alisema Mzee Ladislaus, akiligonga pipa kwa kifundo cha kidole. "Bado linalia utupu."

Esha alitua ndoo yake, akaivua ngata kichwani na kujifutia jasho. Nyuma yake wanawake wengine walikuwa wakipanda kutoka bondeni mmoja mmoja, shingo zimenyooka, maji yakichezacheza juu ya vichwa vyao chini ya majani mabichi waliyoyatia ili yasimwagike. Walikuwa wameshuka kabla hakujapambazuka, na hii haikuwa safari yao ya kwanza.

"Baba Flora," alisema Esha, "wageni hawa wanakuja kukagua zahanati au kubatizwa?"

Wanawake wakacheka. Ladislaus hakucheka.

"Mgeni wa serikali hanawi kwa kikombe, Esha. Jaza."

"Najaza, mzee wangu. Ila ukisikia nimezikwa kesho, waambie watu nimekufa kwa ajili ya mikono ya maofisa."

Ladislaus alikuwa mlinzi wa zahanati ya Nalihuta, kijiji kidogo kilichokaa kwenye ukingo wa uwanda, mbele kidogo ya Kitangari. Kabla ya hapo alikuwa tarishi katika ofisi za serikali mjini Newala, akibeba majalada kutoka chumba hadi chumba. Aliingia kazini katika ngazi ya chini kabisa ya mshahara, na katika ngazi hiyo hiyo akastaafu. Lakini hakupata kuchelewa, wala hakupata kufika ofisini na shati lisilopigwa pasi. Kaunda suti ya kaki aliyoivaa asubuhi hiyo ilikuwa imenyooshwa kwa pasi ya mkaa, na mikunjo ya suruali yake ilisimama wima.

Katika utumishi wake ukaguzi ulikuwa na maana moja tu. Kituo kichafu kilikaripiwa, kituo safi kilisifiwa. Kwa hiyo aliposikia kwamba halmashauri inapitia upya makundi ya vituo, na kwamba Nalihuta imewekwa kundi la tatu, la mwisho, alikosa usingizi. Kijiji alichozaliwa, cha mwisho! Akaamuru ukuta upakwe chokaa. Akaamuru mabibo yaliyoanguka chini ya mikorosho yaokotwe, nzi wasivume masikioni mwa wageni. Pale ambapo njia ilikuwa na mchanga mwingi, vijana walitandika mabua na matawi ili gari lipite bila kuzama. Na uwanja wa zahanati aliufagia yeye mwenyewe, mistari ya ufagio ikilala sambamba kama nyuzi za mkeka.

Muuguzi Anifa alitoka ndani, akasimama kizingitini, akaitazama kazi yote ile. Alikuwa mwanamke wa Chiwata, mfupi, mwenye sauti ya chini. Kabla yake mlango wa zahanati ulikaa na kufuli muda mrefu. Ni katika siku za kufuli hiyo ambapo Flora, binti wa Ladislaus, alishikwa na uchungu wa mtoto wake wa kwanza, akapakiwa kwenye pikipiki kupelekwa Kitangari, akajifungua njiani. Mtoto hakulia. Sasa, baada ya miaka mingi, Flora alikuwa mjamzito tena, tumbo limeshashuka, naye alikuwa ameketi kwenye benchi la zahanati akisubiri kupimwa.

"Shikamoo, Baba," alisema Anifa.

"Marahaba, Mama Twahiru. Unaonaje? Leo tunatoka kundi la tatu. Tunaingia la kwanza."

Anifa alishika mwimo wa mlango. "Baba, nani amekuambia tunataka kutoka?"

"La tatu ni la mwisho. Mimi nimesoma, mwanangu. Wa mwisho anajulikana."

Anifa akaketi kando ya Flora, akazungumza polepole, kama alivyozungumza na wagonjwa.

"Mshahara wangu una ngazi, Baba, kama wako ulivyokuwa. Ngazi hiyo nimeipanda kwa cheti na kwa miaka ya kazi, na haiulizi ninafanya kazi wapi. Niwe Masasi mjini, niwe hapa, ni ileile. Mwenzangu anayefungulia bomba jikoni kwake analipwa sawa na mimi."

"Hiyo ni haki."

"Ni haki. Ila yeye jioni anapumzika, mimi natafuta ndoo. Ndiyo maana halmashauri ikaweka nyongeza juu ya mshahara, na hiyo haimfuati mtu, inafuata kituo. Kundi la kwanza ni vituo vya mjini, hawana nyongeza. La pili wanapata kidogo. La tatu ni sisi wa maji ya mbali. Kwa nyongeza hiyo mwanangu Twahiru anakaa bweni, na mama yangu Chiwata anapata dawa zake za presha. Leo wakituingiza kundi la kwanza, ngazi yangu haitapanda hata kidogo, na nyongeza itaondoka. Masasi wameshaniita, Baba. Nimekuwa nikikataa. Sitaweza kukataa tena."

Ladislaus aligeuka. Akautazama ukuta mweupe, akaitazama njia iliyotandikwa, akalitazama pipa.

"Kwa hiyo usafi huu wote..."

"Usafi ni mzuri, Baba. Ila pipa hilo, tangu nifike hapa, sijapata kuliona limejaa."

Esha, aliyekuwa akisikiliza bila kujificha, alisogea. "Basi tulimwage?"

Kwenye uwanda ule hata mtoto mtundu hamwagi maji. Na kabla neno jingine halijatamkwa, honi ya gari ililia kule kwenye mikorosho.

Aliyeshuka kwanza alikuwa Bi Maryam, afisa utumishi, mama wa makamo mwenye viatu vya kung'aa na uso wa upole. Dereva wake, Hamidu, alishuka akijipepea kwa kofia. Walikaribishwa kwenye pipa, nao wakanawa kwa ukarimu wa watu waliozoea bomba: mikono, uso, miguu, na tena mikono. Hamidu alichota ndoo baada ya ndoo akaliosha gari zima, hadi magurudumu. Esha aliyatazama maji yakinywewa na mchanga, midomo yake ikisogea bila sauti.

Bi Maryam alizunguka zahanati yote, akagusa ukuta, akatabasamu.

"Mzee, nimepita vituo vingi safari hii. Hiki ni cha mfano. Barabara inapitika, mazingira safi, maji tele. Sijui nani aliwaweka kundi la tatu. Hapa nikiandika la kwanza sitakuwa nimekosea."

Maneno kama hayo Ladislaus alikuwa ameyasubiri maisha yake yote kutoka kinywani mwa ofisa. Sasa yalimfikia, na hakujua mahali pa kuyaweka. Anifa alikuwa ameinamisha kichwa. Flora alimtazama baba yake.

"Mzee," Hamidu aliita kutoka kwenye gari, "rejeta imechemka kule kwenye mchanga. Nisaidie ndoo mbili tu."

Esha aliliinamisha pipa. Kata ikakwangua chuma.

Ladislaus alijua kwamba katika chumba cha kujifungulia ilikuwapo ndoo moja yenye mfuniko, iliyowekwa akiba kwa ajili ya mama yeyote ambaye angeshikwa ghafla. Kuagiza iletwe kulihitaji neno moja. Wageni wangeondoka wakimsifu. Alisimama wima, mikono ikinyooka kwenye mapaja, kama alivyosimama mbele ya wakubwa tangu ujana wake.

"Hatuna maji," alisema.

Bi Maryam alicheka. "Mzee wangu, tumenawa sasa hivi, tena kwa raha."

"Mmenawa maji ya wagonjwa, mama. Mimi ndiye niliyeamuru yajazwe. Mmekiona kijiji kikiwa kimevaa nguo za sikukuu; nguo zake za kazi ziko bondeni. Ukiniruhusu, nitakupeleka."

Akachukua dumu tupu, na jingine akampa Hamidu.

"Baba Flora, wewe?" Esha alishika kiuno. "Bondeni?"

"Mimi. Nipe ngata."

"Haya, mama zangu, leo tutajua kama shingo ya kaunda suti ina nguvu!"

Njia ilishuka kwa ghafla pale uwanda ulipokatika, udongo mwekundu ukiteleza chini ya nyayo, mizizi ikitumika kama ngazi. Bi Maryam alianza na viatu. Kwenye kona ya kwanza akavivua na kuvishika mkononi. Chini kabisa, kati ya mawe, kulikuwa na shimo lisilozidi upana wa sinia. Wanawake walilizunguka, kila mmoja akingoja maji yarudi baada ya mwenzake kuchota.

"Hii ndiyo chemchemi?" Hamidu aliuliza.

"Ndiyo, shemeji," alisema Esha. "Piga magoti. Na usivute kata kwa haraka, utapata matope."

Kupanda ndiko kulikowalemea wageni. Hamidu alilihamisha dumu lake kutoka bega hadi bega, akaliweka chini, akaliinua tena. "Usilimwage, shemeji, gari lina kiu!" Esha alimwita kutoka juu, ndoo imetulia kichwani, mikono yote miwili huru. Ladislaus alipanda, maji yakichuruzika toka kwenye kifuniko kibovu hadi kaki yote ikabadilika rangi. Bi Maryam alisimama mara nyingi.

Walipofika, jua lilikuwa limeshainama. Rejeta ilinyweshwa. Bi Maryam akaketi kwenye benchi, miguu yake myekundu kwa udongo, karibu na Anifa.

"Umekaa hapa tangu lini, muuguzi?"

"Tangu mwanangu anaota meno. Sasa yuko sekondari."

"Na maji ya kujifungulia?"

"Kila mama anakuja na ndoo yake. Akishindwa, nashuka mimi."

Bi Maryam aliandika, akafunga kalamu.

"Kundi halibadiliki. Ni la tatu. Nikirudi ofisini nitauliza kwa nini hatuna la nne."

Anifa alijifunika uso kwa ncha ya mtandio, na mabega yake yakatikisika. Hakuna aliyeweza kusema kama ni kicheko au kilio. Flora aliushika mkono wake akaung'ang'ania. Esha alipiga kigelegele kimoja kirefu kilichowashtua kuku.

"La tatu," alisema Ladislaus taratibu, kama mtu anayejaribu jina la mjukuu.

Gari lilipoondoka, alichukua ufagio, kwa mazoea. Uwanja ulikuwa umevurugika wote: alama za matairi, nyayo pana za wanawake, na katikati yake, toka ukingoni mwa bonde hadi kwenye benchi, nyayo ndogo za mtu asiyezoea kutembea peku. Alizitazama kwa muda. Kisha akauegemeza ufagio ukutani, akaenda kumshika mkono Flora, wakaelekea nyumbani wakipita pembeni, taratibu, bila kuzikanyaga.