Kisulisuli cha Saa Nane

Rwekaza, jirani wa upande wa juu, anadai kisulisuli kile kilianzia kwenye maharage yake, saa nane mchana, kikasimama wima kama mtu anayenyoosha kiuno, kisha kikateremka shambani kwa Tecla bila kuchana hata jani la mgomba.

"Kina adabu kuliko mbuzi wako, mama Irine," alimwambia.

Tecla hakubisha. Kisulisuli kiliendelea kuja kila siku saa ileile, na watu wa Kirushya wakazoea kuanua nguo mapema. Kilipita katikati ya migomba yake kwa mstari ulionyooka, kikazunguka kidogo pale mwisho, kikaondoka.

Bwana shamba alikuja na pikipiki. Alieleza kwamba hewa ya joto hupanda, ya baridi hushuka, na pepo za juu na za chini zikipishana mwendo, hewa husokotwa kama kamba. Katika nchi nyingine, alisema, zipo pepo kubwa za namna hiyo zilizobeba nyumba na ng'ombe, na wataalamu wameziandika miaka na miaka.

"Zinakumbuka njia?" Tecla aliuliza.

"Upepo haukumbuki kitu, mama." Akangoja kisulisuli kipite, ndipo akavuka.

Tecla aliijua ile njia: ndipo mpaka ulipopita zamani. Miaka minne nyuma, Priscila, bibi aliyepakana nao shamba, akiwa amelazwa hospitali, Tecla na marehemu mumewe waling'oa miramula, miti ya mpaka, wakaihamishia hatua kumi na mbili ndani ya shamba la mgonjwa. Mume alichimba, Tecla akamwagilia. Yote ilishika.

Jumatatu kisulisuli kilileta tawi la mramula, kikalichomeka penye shimo la zamani. Tecla aliling'oa, akalitia jikoni chini ya chungu. Jumanne lilikuwepo tena, limechipua.

Jumatano Priscila alikuja na fimbo yake.

"Shikamoo, mama," Tecla alimwamkia.

"Marahaba, mwanangu. Keshokutwa baraza la kata linakaa kwa ule mpaka wetu. Wanataka shahidi, na upepo wamekataa kuuandika. Wewe ulikuwepo. Njoo useme tu miramula ilikuwa wapi."

Saa nane ikafika. Kisulisuli kikaja, kikasimama penye lile tawi, kikizunguka taratibu, na safari hii hakikuondoka.

Tecla aliinamia ndizi alizokuwa akimenya. Mkungu ulitoka ndani ya zile hatua kumi na mbili. Priscila akavuta kigoda, akachukua kisu cha pili, akaanza kumsaidia.

"Utakuja, mwanangu?"