Zamu ya Dada

Kila asubuhi dada alinimiminia chai, akaiweka kwenye ubao wa dirisha nje ya chumba cha ndani, kisha akasema, "Haya Kadogo, ingia. Mimi nakulindia kikombe." Nikaingia, nikafunga mlango, nikaondoa kitambaa juu ya fuwele na kuketi kwenye cherehani.

Fuwele yenyewe ilikuwa kubwa kama ngumi, angavu, na ndani yake mlikuwa na mstari mmoja mweupe kama uzi uliosahauliwa. Marehemu mama, aliyetuachia fuwele hiyo, aliiita Mvivu, kwa sababu ukiifunua, dunia yote nje ya chumba kile huzembea. Wewe ndani unashona, unasinzia juu ya meza, unaamka, unatafuna mkate uliokuja nao, unarudia pindo mpaka kiuno kinalia. Ukiifunika na kufungua mlango, nje ni asubuhi ile ile, na chai yako bado inatoa mvuke. Wateja walisema tuna mikono ya jini.

Siku hiyo nilitoka na gauni jeupe la harusi begani. Dada alikuwa amenipa vipimo tu, akasema bi harusi yuko mbali. Nilinyoosha mkono nichukue kikombe, na kabla sijakigusa mtu akasema kutoka mlangoni:

"Shikamoo, dada mkubwa!"

Niligeuka kuona anaamkiwa nani. Nyuma yangu palikuwa na ukuta na pasi.

Alikuwa mwanamume wa umri wa dada yangu, mrefu, kucha zake zina rangi ya bluu ya ukutani. Ukienda kwa kuzaliwa, mimi ndiye niliyepaswa kumwamkia.

"Marahaba," nikajibu. Nikiona haya hujibu chochote kinachokuja.

"Hatimaye nimekuona! Huyu mdogo wako hachoki kukutaja. Dada kanilea, dada kanisomesha, dada ndiye mama yangu." Akaliona gauni, akacheka. "Kumbe ndilo lenyewe! Aliniambia unamshonea kwa mkono wako. Dada, mimi kazi yangu kupaka kuta. Nikikosea, ukuta haulii. Ninyi mkikosea, bi harusi atanililia mimi!"

Nilimtazama dada. Alikuwa amebana pini midomoni, ameinamia suruali ambayo haikuwa na haja ya pini hata moja.

"Dada," akasema bila kuinua uso, "huyu ndiye yule niliyekwambia."

Hakuwahi kuniambia. Wala hajawahi kuniita dada. Yeye ndiye aliyenifunga kamba za viatu siku ya kwanza ya shule, akanivuta mkono njia nzima huku nikilia. Mimi ni Kadogo. Sina jina lingine mdomoni mwake.

Nikaketi. Mbele yangu kulikuwa na kile kioo kirefu cha wateja. Huwa natazama nguo humo, sijitazami. Safari hii nilijitazama. Mikunjo kando ya macho. Mvi zilizoanzia kwenye paji la uso, nilizozoea kuzifunga kwa kitambaa nikidhani ni vumbi la chaki, au nikijifanya nadhani. Nyuma yangu, ndani ya kioo hicho hicho, dada yangu mkubwa alikuwa na shingo laini ya msichana.

Tulikuwa na mpango, mimi na yeye. Gauni lako, gauni langu. Akiingia yeye, mimi namlindia chai. Nikiingia mimi, yeye ananilindia, ili tuzeeke sambamba kama mama alivyotuusia. Kisha pasi ikamuunguza mkono. Akaniomba nimshikie zamu zake mpaka apone, naye atazirudisha zote. Mkono ukapona. Nikamwona akijisuka nywele kwa mkono ule ule. Nikaja kumuuliza mara moja, kwa sauti ya chini sana, akanipapasa kichwa: "Wiki ijayo, Kadogo." Sikuuliza tena. Kila nilipotoka chai ilikuwa ya moto, nikajiambia basi, sijapoteza kitu.

"Chai yako itapoa, dada," yule mpaka rangi akaniambia kwa upole. Alikuwa mtu mwema. Hilo ndilo lililoniumiza zaidi, kwamba hata yeye alikuwa amedanganywa.

Nikainuka. Nikalitundika gauni kwenye msumari. Nikachukua kikombe kingine, nikakijaza, nikakiweka kwenye ubao wa dirisha mahali pale pale, kisha nikaufungua mlango wa chumba cha ndani na kuushikilia.

"Gauni halijawekwa vifungo," nikasema. "Ni zamu yako, dada. Ingia."

Mpaka rangi akatutazama, mara mimi, mara yeye. "Dada? Nani dada?"

"Mwambie mwenyewe," nikasema. "Mimi ni nani wako?"

Dada akatoa pini midomoni, moja moja, akazichomeka kwenye mto wa pini.

"Usinifanyie hivi mbele ya mgeni," akasema.

"Mgeni ni mimi. Huyu unamjua."

Akasogea mpaka kizingitini. Niliona akitazama ndani, kile kiti changu kilichobonyea, ile fuwele chini ya kitambaa. Kwa muda nilidhani ataingia, na kusema kweli, angeingia hata kwa kifungo kimoja ningemsamehe yote. Mkono wake, ule uliopona, ukashika ukingo wa mlango. Kisha ukauachia.

"Mkono ulipona mapema," akasema. Hakuwa akizungumza na mchumba wake tena. "Kabla hata sijaifungua bandeji. Nilikaa nayo tu. Nilijitazama kwenye kioo hicho, nikamwona mama alivyokuwa mwishoni, nikaogopa. Nikasema mmoja wetu lazima abaki kijana." "Hakuna wiki ijayo, Kadogo. Haikuwahi kuwapo. Nilikuchagua wewe uzeeke."